Mtani Aliyenisalimia

Kosa langu la mwanzo lilikuwa kudhani kwamba nikishajua mila imetokana na nini, nimeimaliza. Nililifanya mbele ya watu, msibani, sahani ya pilau ikiwa mkononi, na likampotezea baba yangu mtani wake.

Elimu iliyonifikisha hapo sikufundishwa na mtu. Chuo sikufika. Baada ya kidato cha nne nilipata kazi kwenye duka la stesheneri Manzese, pembeni ya barabara ya Morogoro, duka la kuchapa, kutoa kopi na kubana ripoti. Wanafunzi wa vyuo walituletea tafiti zao zikiwa kwenye flashi au zimeandikwa kwa mkono, na mie nilipokuwa nachapa nilisoma. Sura niliyoipenda ni ya pili, ile wanayoeleza nadharia. Wengi waliinakili wao kwa wao, kwa hiyo nadharia moja niliichapa mara nyingi mpaka nikaijua kwa kichwa, pamoja na makosa yake.

Nadharia iliyonikamata hawakukubaliana hata jina lake. Wapo walioiita uyakinifu wa utamaduni, wengine umaada wa kitamaduni, na mmoja aliiacha kwa Kiingereza chake akaipigia mstari. Inasema hivi: ukitaka kujua kwa nini watu wana mila fulani, usianze na imani yao. Anza na tumbo lao. Wanalima nini, wanafuga nini, maji wanayapata wapi, wanazaa watoto wangapi, kazi ngumu anaifanya nani. Juu ya hayo ndipo panapojengwa ukoo na utawala, na juu kabisa, kama bati la nyumba, ndipo inapokaa miiko, nyimbo, sala na matani. Mwenye mila atakupa sababu yake. Mtafiti anatakiwa aangalie chini ya sababu hiyo.

Niliipenda kwa namna ambayo sasa naiona haikuwa ya kisomi. Mie ni mtu wa wasiwasi. Ujumbe wa simu wa maneno machache naufuta na kuuandika upya, halafu nautuma, halafu nausoma tena kutafuta kosa. Nikiingia kwenye kundi la watu nafikiria mikono yangu iko wapi. Nadharia hii ilinipa mahali pa kusimama nikawaangalia watu bila wao kuniangalia. Nilikuwa sijawahi kupata sehemu kama hiyo.

Nyumbani kwetu Kipawa, jirani na uwanja wa ndege, nikaanza kueleza kila kitu. Kwa nini firigisi ni ya baba. Kwa nini mama hafagii usiku. Nilimwambia mama kwamba mwiko huo ulianzia kwenye nyumba zisizo na taa, ambako ukifagia gizani unaweza kutupa hereni au sindano. Mama alinisikiliza mpaka mwisho.

"Sasa hiyo taa tunayo," alisema. "Chukua ufagio ufagie basi. Au kazi yako ni kueleza?"

Sikufagia. Niliona swali lake limetoka nje ya mada.

Baba alikuwa Mnyamwezi, karani mstaafu, aliyekuja Dar akiwa kijana. Nyumba ya tatu kutoka kwetu aliishi mama mmoja wa Kizaramo, kwao Kimbiji, aliyekuwa na kibanda cha mkaa. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani tangu zamani, na mtani haombi ruhusa. Anakutukana asubuhi, anachukua chakula chako mchana, na wewe huruhusiwi kukasirika. Ukifa, yeye ndiye anayekuja kuuchangamsha msiba wako, kukuigiza, kukusema vibaya, na kuhakikisha umezikwa. Huyo mama na baba yangu waliufanya utani wao kila siku. Alipita mbele ya baraza yetu akisukuma toroli la magunia, na baba akiwa na chai yake ya rangi, yanaanza.

"We Mnyamwezi, hujafa tu?"

"Nife uje ule wali wangu? Utangoja sana."

"Mie kanga ya kuvaa nshaandaa. Usinicheleweshage bwana."

"Kanga utaitoa wapi, na nyie mmeuza viwanja vyote mkavichezea ngoma!"

"Tumeuza, ndiyo. Tungewaachia nyie mlime viazi mkaushe michembe?"

Mama alicheka akiwa jikoni. Baba alirudi kwenye chai yake kama mtu aliyekwisha kunywa dawa.

Shangazi yangu alipofariki, msiba uliwekwa kwetu. Muuza mkaa alikuja na wenzake wawili wakafanya kazi yao. Alivaa gauni la shangazi la kanisani juu ya gauni lake, akatembea kama shangazi, mguu mmoja ukiburuta, akaimba wimbo wa kwaya kwa sauti ya puani ileile. Watoto wa marehemu, ambao hawakuwa wameinua vichwa tangu asubuhi, walicheka mpaka wakashikana. Kisha akaenda kwenye sufuria, akachomoa mnofu mkubwa kuliko yote, akaja kukaa karibu yangu.

"We msomi wa kopi," akaniambia, "mbona unaniangalia kama unanipiga picha? Haya sema, mie nafanya nini hapa?"

Ilikuwa zamu yangu. Alikuwa amenifungulia mlango nimtukane, na kila mtu pale alijua hivyo. Mie nilisikia swali. Nilikuwa nimelisubiri kwa wiki kadhaa bila kujua ataliuliza nani.

Nikaeleza. Nikasema kwamba zamani wapagazi wa Kinyamwezi walibeba mizigo kutoka bara mpaka pwani, na njia yao ilipita kwa Wazaramo. Walihitaji maji, chakula, pa kulala, na mtu wa kuwazika wakifa njiani. Wenyeji nao walihitaji bidhaa zilizopita. Wasingeweza kupigana kila msafara ukija, kwa hiyo ugomvi ukageuzwa mzaha, na mzaha ukawa mkataba. Ndege ilipita juu ya nyumba, na kama kawaida ya Kipawa kila mtu alinyamaza kuisubiri. Ningeweza kuishia hapo. Ilipopita, nikaendelea.

"Leo hakuna msafara, kuna basi," nilisema. "Mtu akifa, chama cha kuzikana kina gari. Kwa hiyo sababu ya utani imekwisha. Kilichobaki ni nyama."

Yule mama aliuangalia mnofu, akaurudisha kwenye sahani, akanawa. Akavua gauni la shangazi akalikunja vizuri, kama linalorudishwa dukani.

"Haya baba," aliniambia. "Tumekuelewa."

Kesho yake asubuhi alisimamisha toroli mbele ya baraza.

"Shikamoo kaka," alimwambia baba.

"Marahaba."

"Mmeamkaje?"

"Salama."

"Tunashukuru." Akaondoka.

Baba alibaki ameshika kikombe. "Huyu mwanamke anaumwa?" aliuliza. Kisha akanigeukia. "Umemfanya nini mtani wangu?"

"Nilimweleza historia tu."

"Historia ya nini?"

"Ya utani. Ya wapagazi."

"Hiyo anaijua. Na mie naijua. Ulidhani tulipokuwa tunacheka tulikuwa hatuijui?"

Salamu hizo ziliendelea. Asubuhi kwa asubuhi, shikamoo kaka, mmeamkaje, tunashukuru. Hata mie alinisalimia kwa heshima, hujambo baba, habari za kazi. Mtu wa nje angeona jirani mwema. Baba alianza kunywa chai ndani.

Nilijaribu kutengeneza kwa njia ninayoijua. Niliandika ujumbe wa kuomba radhi, nikaurekebisha wiki nzima, nikaangalia kila nukta, nikautuma. Jibu lilikuja haraka: "Nimeupokea. Ubarikiwe." Niliusoma mara nyingi nikitafuta hasira ndani yake. Haikuwemo, na sikuona pa kushika.

Katika kipindi hicho niligundua nilikuwa nimesoma nusu tu. Kwenye kompyuta ya dukani kulikuwa na faili jingine lenye jina lilelile la nadharia, la mwanafunzi wa fasihi. Nilikuwa nimelichukulia kuwa kopi, sikulifungua. Nilipolifungua nikakuta ni jambo la watu wengine. Wataalamu hawa wa fasihi nao wanataka tuanze na hali halisi ya maisha: nani ana chakula, nani anatawala, nani anaruhusiwa kusema. Lakini hawakubali kwamba wimbo au hadithi ni bati linalokaa juu ya nyumba likingoja kubebwa na kuta. Kwao maneno yenyewe ni kazi, yametengenezwa na watu, yanafanya jambo duniani, na yasiposemwa tena jambo hilo halifanyiki. Kwa hiyo swali lao haliishii kwenye kitu kilichoilisha mila. Wanauliza pia mila yenyewe inafanya nini leo, na inamfanyia nani.

Nilielewa mara moja. Nilimwangalia baba akinywa chai ndani, nikaelewa zaidi. Haikusaidia kitu. Sasa nilikuwa na maelezo mazuri zaidi ya jambo nililoliharibu, na yule mama aliendelea kutusalimia.

Baba akaanza kuugua moyo. Miguu ilivimba, ngazi mbili za mlangoni zikawa mlima. Jioni moja alituita mie na mama.

"Mie nikifa," alisema, "msinizike kimyakimya kama mtu aliyeokotwa. Nimekaa pwani hii maisha yangu yote. Mtani wangu awepo."

Mama aliniangalia. Baba hakuniangalia, nadhani kwa kunihurumia.

Alifariki hospitalini wakati wa mvua. Turubai likafungwa, viti vikaja, jikoni wakawasha moto. Mama alikaa kwenye godoro chumbani na hakulia. Hakula pia. Kila mwanamke aliyeingia, mama alimuuliza neno moja: "Mtani wake kafika?"

Muuza mkaa alikuwa amefika. Alikuja mapema, kajifunga kanga mbili, akakaa na wanawake wenzake kwa utulivu, akatoa rambirambi, akampa mama pole, akaaga. Nilimkumbusha mama hivyo.

"Nimemwona jirani," alisema mama. "Mie nauliza mtani."

Mtu akapendekeza waitwe Wazaramo wengine, mbona mtaa umejaa. Mama akakataa. Wengine walikuwepo, alisema, ila huyo ndiye wa mume wake. Mazishi yalikuwa kesho mchana.

Baba mdogo alifika kutoka Tabora jioni hiyo, matope ya safari yakiwa bado kwenye viatu. Alisikiliza habari akiwa amesimama.

"Nani aliyemharibu huyo mtani?"

"Mie, baba."

"Basi utakwenda mwenyewe. Na usiende kusoma."

Nilimkuta kibandani akifunika magunia kwa nailoni. Mvua ilikuwa imepungua. Nilikuwa na hotuba kichwani, nimeipanga tangu nyumbani.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Poleni sana. Mama anaendeleaje?"

"Hajala."

"Mungu atamtia nguvu."

"Mama, ule msiba wa shangazi mie nilikosa. Nimekuja kukuomba..."

"Yameisha hayo baba. Nilishakusamehe zamani."

Hotuba yangu ikaishia hapo, imekubaliwa yote, na hakuna kilichobadilika. Aliendelea kufunga nailoni. Nikaona ambacho ningepaswa kukiona tangu ujumbe wa simu. Mtani hasamehi, kwa sababu mtani hakasiriki. Aliyenisamehe alikuwa mtu mwingine, jirani mwenye adabu, na kadiri nilivyomwomba radhi ndivyo nilivyomweka kwenye ujirani huo. Kulikuwa na njia moja tu ya kumfikia na nilikuwa siijui. Sijawahi kutukana mtu mzima. Nilisimama pale nikitunga sentensi, nikaifuta, nikatunga nyingine. Mkaa kwenye debe ulikuwa umelowa, nusu yake miti ambayo haijaiva.

"Mkaa wako ndio uliomuua," nilisema.

Mikono yake ikasimama. "Unasemaje?"

"Moshi mtupu. Mzee kakohoa miaka yote kwa sababu ya mkaa wako. Wazaramo hata kuchoma mti hamjui, mnajua kuchoma ubani tu. Umemuua mtani wako, halafu unakuja kwetu na kanga mbili, eti pole. Muuaji gani ana adabu hivyo?"

Nilikuwa nalia, na sikujua nimeanza saa ngapi.

"Matusi yenyewe anatukana kama anasoma risala," alisema, akiliambia gunia. Kisha sauti ikapanda mpaka watu wa ng'ambo ya barabara wakageuka. "We mla michembe! Mpagazi usiye na mzigo! Nani kakwambia babaako kafa? Kalala tu yule, anakwepa kazi, ndivyo mlivyo. Na nani kawapa ruhusa ya kumtia kwenye sanduku mie sijafika?"

"Ndiyo maana nimekuja..."

"Nyamaza! Nyama ipo?"

"Ipo."

"Nyingi?"

Nusura nimjibu ukweli. "Nyingi," nilisema, "ila wewe hupati."

"Hee! Toka hapa kabla sijakupaka masizi." Akanipaka palepale, kiganja kizima, kutoka paji la uso mpaka kidevuni.

Nilirudi nyumbani hivyo, mtaa mzima ukiniangalia, na kwa mara ya kwanza sikufikiria mikono yangu iko wapi. Baba mdogo aliponiona akaanza kucheka kabla sijafungua mdomo.

"Mwambieni shemeji," alisema. "Anakuja."

Muuza mkaa alikuja kesho yake na kundi la wanawake kutoka Kimbiji, wakipiga vigelegele vya harusi. Aliingia chumbani bila kubisha, akatoka amevaa koti la baba na miwani ya baba, akakaa kwenye kiti cha baba barazani, miguu imenyooka kama yake. Akaomba chai. Akainusa.

"Hii chai imepikwa," aliuliza kwa sauti nzito ya baba, "au mtu kanawia?"

Yalikuwa maneno ya baba hasa. Mama alitoka chumbani akasimama mlangoni.

"Vua miwani ya mume wangu, utaivunja."

"Mumeo nani? Mie ndiye mumeo. Kaa chini, lete chakula."

Mama alicheka. Kicheko kilikatika katikati, na kilio ambacho hakikuja tangu hospitalini kikaja. Muuza mkaa hakumkumbatia. Alimkalisha kwenye mkeka, akachukua sahani ya wali, akaanza kumlisha tonge moja moja, na kila tonge na tusi lake: hili la uchoyo wako, hili la mchuzi wako usio na chumvi, hili la kumficha mtani wangu ndani. Mama alikula mpaka sahani ikaisha.

Jeneza lilipotolewa, wanawake wa Kimbiji walilala chini kwenye geti, wamejipanga. Mchungaji alisogea kando akangoja. Naona hakuwa mgeni wa mambo hayo.

"Hapiti mtu!" alipaza sauti muuza mkaa. "Wanyamwezi mmekuja pwani na mizigo vichwani, mkatufia njiani, tukawazika. Mpaka leo hamjachoka kutufia?"

Baba mdogo ilibidi acheze mbele yao, kwa magoti yake mabovu, na kuahidi asali ya Tabora. Waliinuka wakijikung'uta matope, na wao ndio waliotangulia kulishika jeneza. Makaburini muuza mkaa alimsema baba kwa uvivu wake mpaka udongo ulipojaa. Baada ya hapo alivua miwani, akampa mama, akakaa chini peke yake kwa muda, bila kuigiza mtu yeyote.

Lazima niseme, kwa haki ya nadharia, kwamba nyama ililiwa sana siku ile. Walibeba na nyingine kwenye ndoo. Maelezo yangu kuhusu wapagazi bado nayaona ni sahihi, na muuza mkaa mwenyewe aliyatumia getini vizuri kuliko mie. Ila mie niliyasema kama risiti ya biashara iliyokwisha. Yeye aliyasema kama kazi inayoendelea, na siku ile kazi hiyo ilikuwa ni kumlisha mama na kumzika baba kama mtu mwenye watu wake.

Miezi kadhaa baadaye kaka yake muuza mkaa alifariki Kimbiji, nikaitwa. Nilipofika niliiba baiskeli ya marehemu, nikaizungusha uani nikipiga kengele na kudai alikuwa amenirithisha mie. Sikufanya vizuri. Nilianguka mapema mno, kabla watu hawajakusanyika, na utani mmoja niliokuwa nimeuandaa niliusahau. Walicheka hata hivyo.

Bado nachapa tafiti za watu, bado nazisoma, na wasiwasi sijaupunguza kwa kiasi cha kujivunia. Kilichobadilika ni hiki: mtu akiwa anafanya mila yake mbele yangu, simwelezi. Na nafasi ya utani aliyoiacha baba sasa ni yangu. Wazaramo wa mtaa wetu wakifiwa naitwa, na naenda.